Mafao ya mtumishi wa umma aliyefariki: mwongozo kamili kwa familia za Mbeya, Iringa na Nyanda za Juu Kusini

Mwalimu akifia kazini Rungwe, au muuguzi wa hospitali ya wilaya kule Mufindi akitutoka ghafla, mazungumzo ya fedha zake huanza hata kabla matanga hayajaanuliwa. Baba mdogo anauliza kadi ya benki iko wapi. Wifi anataka kujua nani "ameandikwa". Mjane yuko ndani, amejifunika khanga, hana nguvu ya kumjibu yeyote. Miezi michache baadaye ndugu haohao wanakutana kwenye benchi la Mahakama ya Mwanzo na hawasalimiani.

Mwongozo huu nimeuandika kwa ajili ya mjane, mgane, mtoto au mzazi aliyeachwa katika hali hiyo. Nataka alishike jambo moja kabla ya yote: kila ugomvi una mlango wake. Nani ni mke halali, nani ni mtoto wa marehemu, nani asimamie mirathi, hayo ni ya mahakama. Marehemu alitumikia muda gani, michango yake iko wapi, mafao ni kiasi gani, hayo ni ya mfuko na mwajiri. Kikao cha ukoo kinapendekeza tu. Familia nyingi hupoteza miaka kwa sababu zinaupigia mfuko kelele juu ya jambo la mahakama, au zinamlilia hakimu juu ya hesabu ambayo hakuifanya yeye.

Tenganisha fedha kabla ya kugombana

Marehemu huacha mafungu ya fedha yasiyofanana, na kila fungu lina sheria yake. Yakichanganywa kwenye kapu moja, anayeumia kwa kawaida ni mjane.

Fungu la kwanza ni mafao ya warithi kutoka Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma, yaani PSSSF. Mfuko huu ulianza kazi Agosti 2018, baada ya PSPF, LAPF, PPF na GEPF kuunganishwa. Kwa hiyo ukikuta kwenye sanduku la marehemu kadi ya PSPF au LAPF usidhani haki imepotea. Uanachama ulihamia PSSSF. Mtumishi hukatwa asilimia 5 ya mshahara na mwajiri huongeza asilimia 15. Kama marehemu alikuwa sekta binafsi, mlango ni NSSF na sheria yake ni nyingine.

Mafao haya yana wategemezi wanaotajwa na sheria ya mfuko yenyewe: mke au mume, watoto, na wazazi. Mtoto huangaliwa hadi miaka 18, na hadi 21 akiwa bado anasoma. Baba mdogo, kaka na shangazi hawamo kwa sababu tu ya kuwa ukoo.

Fungu la pili ni mirathi ya kawaida: akiba ya benki, hisa za SACCOS, malimbikizo ya mshahara, nyumba ya Uyole, shamba la parachichi Njombe, pikipiki. Haya hugawanywa kwa sheria ya mila, ya Kiislamu, au sheria ya urithi ya India ya mwaka 1865, ambayo bado hutumika kwa Mkristo ambaye maisha yake hayakufuata mila. Hapa ndipo wazee huja na Tangazo la Sheria za Mila la mwaka 1963, lenye kanuni inayosema mjane hana fungu katika urithi kama mumewe ameacha ndugu wa ukoo wake, na kwamba atatunzwa na watoto wake. Kanuni hiyo inaumiza, na mimi naona imedumu mno. Lakini hata wewe unayeikubali, jua mpaka wake: inazungumzia mali ya urithi wa kimila. Haimwondoi mjane kwenye orodha ya wategemezi wa PSSSF. Ukimsikia mzee akisema "kimila mke harithi, kwa hiyo pensheni ni ya watoto wa ukoo," hapo amechanganya mafungu, na una haki ya kumwambia hivyo kwa heshima: "Shikamoo baba, la shamba tutalizungumza kimila, la mfuko lina sheria yake."

Fungu la tatu husahauliwa. Kama kifo kilitokana na kazi, mfano ajali ya gari la halmashauri kwenye mteremko wa Kitonga, au ugonjwa uliopatikana kazini, kuna Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF. Hayo ni madai tofauti kabisa na ya PSSSF, na taarifa inatakiwa itolewe ndani ya miezi 12. Mwulize mwajiri swali hili wazi: je, taarifa imepelekwa WCF? Jeneza, usafiri na gharama nyingine za mazishi ambazo mwajiri hubeba si mafao wala si mkopo, na asije mtu akakata kitu baadaye kwa kisingizio hicho.

Wiki za mwanzo

Tumia kibali cha mazishi kuomba cheti cha kifo RITA, wakala wa Serikali unaosajili vizazi na vifo. Wilayani huduma hii iko ofisi ya Mkuu wa Wilaya, na maombi yanaweza kuanzia mtandaoni kupitia mfumo wa eRITA. Kabla hujaondoka dirishani soma cheti herufi kwa herufi. Nitarudi kwenye majina, kwa maana yameshazuia mafao ya watu wengi.

Toa taarifa ya kifo kwa mwajiri kwa maandishi, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Mshahara unaweza kuendelea kuingia mwezi mmoja au zaidi baada ya kifo kama taarifa imechelewa. Usiuguse. Kijana wa familia anayejua namba ya siri ya kadi atasema tuchukue tu, ni pesa ya baba. Mshahara wa siku ambazo mtu hakuwa hai ni wa Serikali, utadaiwa urudi, na jina lako litakuwa limechafuka mbele ya watu haohao utakaowahitaji kusaini fomu zako.

Kusanya nyaraka, weka kwenye bahasha moja, na usimkabidhi mtu yeyote nakala halisi. Nazungumzia barua ya ajira ya kwanza, barua ya kuthibitishwa kazini, barua za kupanda cheo, hati ya mshahara ya mwisho, cheti cha ndoa, vyeti vya kuzaliwa vya watoto, vitambulisho vya NIDA, kadi za bima ya afya. Barua ya ajira ina uzito wa pekee kwa aliyeajiriwa zamani. Kabla ya Julai 1999 watumishi wa Serikali Kuu hawakuwa wanachangia. Mfumo wa kuchangia ulianza wakati huo chini ya PSPF. Utumishi wa kabla ya hapo unahesabika, lakini huthibitishwa kwa barua, kwa sababu michango ya miaka hiyo haipo kwenye mfumo. Mwalimu aliyeanza kazi mwaka 1994 bila barua yake anaweza kuonekana ana utumishi mfupi kuliko aliofanya. Kama barua imepotea, omba nakala kwenye jalada lake: halmashauri, ofisi ya mkoa, au Tume ya Utumishi wa Walimu kwa walimu.

Kikao cha ukoo na Mahakama ya Mwanzo

Mfuko kwa kawaida utataka kuona msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama. Kwa familia nyingi za huku hiyo ni Mahakama ya Mwanzo ya mahali marehemu alipokuwa akiishi, ambayo ina mamlaka pale mirathi inapofuata sheria ya mila au ya Kiislamu. Kama marehemu alikuwa Mkristo aliyeishi nje ya mila kabisa, au aliacha wosia usiofuata mila wala sheria ya Kiislamu, shauri huenda Mahakama ya Wilaya, ya Hakimu Mkazi, au Mahakama Kuu, ambayo ipo Mbeya na Iringa. Uliza masjala kabla ya kulipa ada. Kufungua shauri mahakama isiyo na mamlaka ni njia ya haraka ya kuona uteuzi wako ukifutwa mwaka unaofuata. Katika mahakama hizo za juu, ukichelewa zaidi ya miaka 3 tangu kifo, maombi lazima yaeleze sababu.

Sasa kikao cha ukoo. Karani atakuomba muhtasari wake, na familia huamini bila muhtasari hakuna shauri. Ukweli ni kwamba muhtasari ni desturi inayomsaidia hakimu. Sheria haijaufanya kuwa sharti. Naeleza hivi kwa sababu nimeona ukoo ukikataa kukaa kikao makusudi ili mjane akwame. Akwame kwa nini? Anaweza kufungua maombi yeye mwenyewe, akaeleza kwenye kiapo kwamba aliomba kikao, tarehe fulani, ndugu wakakataa. Barua ya mwenyekiti wa mtaa au mtendaji wa kijiji inayothibitisha hilo ni msaada mkubwa.

Kikao kikikaa, kiandikwe vizuri. Muhtasari wenye nguvu una tarehe na mahali, majina matatu ya kila aliyehudhuria na uhusiano wake na marehemu, majina ya wake au waume wote na watoto wote hata wale msiowapenda, nani amependekezwa, nani amepinga na kwa nini, kisha sahihi au dole gumba kwa kila jina. Ule wa karatasi ya daftari wenye mistari minne, sahihi kumi zilizofanana mwandiko, na neno "wote tumekubaliana", ndio ambao hakimu huuchunguza kwa kidole akiuliza: "Huyu wa namba tano yupo hapa leo?" Na mara nyingi wa namba tano yuko Tunduma, wala hajui kama kulikuwa na kikao.

Maombi hujazwa kwenye Fomu Na. I. Jaza majina ya warithi wote. Kuficha mtoto au mke mwenza kwenye fomu hii ni sumu: uteuzi uliopatikana kwa kuficha jambo la msingi unaweza kubatilishwa wakati wowote likigundulika, hata kama fedha zimeshalipwa. Baada ya hapo mahakama hutoa tangazo, na yeyote mwenye maslahi anaweza kuweka pingamizi.

Kama wewe ndiye unayepinga, usipige simu wala usiende kulalamika nyumbani kwa karani. Andika pingamizi, lipeleke mahakamani ndani ya muda uliotajwa kwenye tangazo, na useme jambo moja au mawili yanayoweza kuthibitishwa: mwombaji si mke, amewaficha watoto wawili, ana deni na marehemu. "Ana roho mbaya" haimsaidii hakimu. Usiporidhika na uamuzi, una siku 30 kukata rufaa Mahakama ya Wilaya, na kutoka hapo siku 30 nyingine kwenda Mahakama Kuu. Siku zinahesabiwa tangu uamuzi, kwa hiyo omba nakala ya hukumu siku hiyohiyo, kwa barua.

Kuhusu nani awe msimamizi, maoni yangu ni haya: mjane anayeweza kusoma na kufuatilia ndiye afadhali, na kama kuna hofu pande zote mbili, ombeni wasimamizi wawili, mmoja wa upande wa mjane na mmoja wa ukoo. Inachelewesha saini, lakini inapunguza wizi. Familia isipokubaliana kabisa, Kabidhi Wasii Mkuu aliyeko RITA anaweza kuombwa asimamie.

Faili la PSSSF

Nenda ofisi ya PSSSF ya mkoa ukiwa na bahasha yako, uchukue fomu za madai na orodha ya viambatisho iliyoandikwa. Sisitiza iwe imeandikwa, maana orodha ya mdomo hubadilika kila unapokuja. Sehemu ya mwajiri kwenye fomu ndiyo inayokaa muda mrefu. Ifuatilie kwa afisa utumishi, ukijua jina la jalada na tarehe lilipoingia.

Omba taarifa ya michango ya marehemu mwezi kwa mwezi. Ukiona mashimo, miezi ambayo mshahara ulikatwa lakini mchango haukufika, hilo ni la mwajiri. Hati za mshahara za miezi hiyo ndizo silaha yako. Mtegemezi asikubali kupunguziwa kwa sababu mwajiri alichelewesha.

Akaunti ya benki iwe ya mtegemezi mwenyewe. Kwa watoto wadogo fungua akaunti za majina yao, msimamizi au mlezi akiwa mtia saini. Hutokea fedha zikapitia akaunti ya mahakama; hapo fuatilia kwa namba ya shauri, na usimlipe mtu yeyote "ya kusukuma".

Migogoro yenyewe

Wanawake wawili, marehemu mmoja. Hili ndilo kubwa, na majibu yako kwenye Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971. Kama marehemu alifunga ndoa ya mke mmoja kanisani, iwe Moravian, Lutheran au Katoliki, na ndoa hiyo haijavunjwa na mahakama, hakuwa na uwezo wa kuoa mwingine juu yake. Mwanamke wa pili, hata kama mahari ilipelekwa kwao Kyela mbele ya wazee na ng'ombe wakahesabiwa, kisheria hana ndoa. Watoto wake, hata hivyo, ni watoto wa marehemu, na kwao mlango uko wazi. Kama ndoa ya kwanza ilikuwa ya kimila au ya Kiislamu, ya wake wengi, basi wake wote ni wake na wote wanastahili kutajwa.

Ndoa ya kimila isiyo na cheti bado ni ndoa. Kutosajili peke yake hakuibatilishi. Kinachotakiwa ni ushahidi: mshenga, barua ya posa, waliopokea mahari, picha za siku hiyo, mwenyekiti wa kijiji. Mshenga akiwa mzee sana, mpeleke mapema.

Mke aliyeondoka. Mume na mke waligombana mwaka 2009, mke akarudi kwao Makete, mume akaishi na mwingine Mwanjelwa hadi alipofariki. Ukoo unasema yule wa Makete "alishaachwa". Aliachwa na nani? Ndoa huvunjwa na mahakama. Barua ya wazee, mahari kurudishwa, au miaka mingi ya kutokuonana, vyote hivyo si talaka. Asiye na hati ya talaka bado ni mke, na huyu wa Mwanjelwa lazima aisikie kweli hii mapema, kabla hajauza kiwanja chake kulipia kesi.

Walioishi pamoja bila kufunga. Sheria inasema wakiishi pamoja miaka 2 au zaidi na jamii ikiwaona ni mume na mke, inachukuliwa walioana. Watu huisoma nusu. Dhana hiyo inaweza kupingwa kwa ushahidi, na haiwezi kusimama kama mmoja wao alikuwa na ndoa nyingine inayomfunga. Tena mfuko hautaamua hilo: mahakama ndiyo hutamka. Kusanya ushahidi wa maisha ya pamoja: mkataba wa pango wenye majina mawili, kadi za kliniki, barua ya mtaa. Na kitu kimoja chenye nguvu kuliko watu wanavyodhani, fomu ya bima ya afya. Mtumishi humwandikisha mwenza wake na wategemezi wengine NHIF kwa mkono wake, na picha zao. Mwanamke aliyeandikishwa kama mwenza miaka saba kabla ya kifo ana ushahidi ambao marehemu mwenyewe aliusaini. Kwa upande mwingine, kama aliyeandikishwa ni mwingine, jiandae kulieleza.

Mtoto aliyejitokeza msibani. Anakuja na mama yake siku ya kuanua matanga, sura ni ya marehemu mtupu, na watu wananong'ona. Tafadhali msimfukuze. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009, kifungu cha 10, inakataza kumnyima mtoto kunufaika na mali ya mzazi wake. Mama yake aanze na cheti cha kuzaliwa: je, kina jina la baba, na liliandikwa lini? Cheti kilichopatikana wiki mbili baada ya mazishi kitaulizwa maswali. Ushahidi mwingine ni ada za shule alizolipa marehemu, miamala ya simu ya kila mwezi kwa mama, ubatizo, mashahidi wa ukoo. Ubishi ukibaki, mahakama inaweza kuagiza kipimo cha vinasaba (DNA). Mamlaka ya Maabara ya Mkemia Mkuu wa Serikali ina ofisi ya kanda Mbeya, lakini haipokei mtu anayejiendea tu na mtoto. Ombi hupitia mahakama, ustawi wa jamii, wakili au mamlaka nyingine inayotambulika. Marehemu akishazikwa, sampuli huweza kutoka kwa ndugu zake wa damu, na ndugu wakigoma hakimu ana haki ya kujiuliza wanaogopa nini.

Mtoto wa ndugu aliyelelewa ndani ya nyumba tangu mdogo ni jambo jingine, na linaniuma kila ninapolieleza. Kama hakuasiliwa kupitia mahakama, hana nafasi ileile ya mtoto, hata kama alimwita marehemu baba maisha yake yote.

Majina. Cheti cha ndoa kinasema Tusajigwe, NIDA inasema Tusajigwa, na barua ya ajira ina jina la ubatizo na la babu tu. Kwa Kinyakyusa, Kihehe na Kibena majina yetu yaliandikwa na makarani tofauti kwa masikio yao, na sasa mfumo wa kompyuta unaona watu watatu. Tofauti ya herufi kwa kawaida hutibiwa kwa hati ya kiapo iliyoapwa mbele ya wakili au hakimu, ikitaja nyaraka zote na kusema ni mtu mmoja. Jina tofauti kabisa huhitaji hati ya kubadili jina iliyosajiliwa, na hiyo huifanya aliye hai kwa jina lake mwenyewe. Kwa marehemu, ongeza barua ya mwajiri inayothibitisha kuwa majina yote yako kwenye jalada moja. Linganisheni nyaraka zote mezani siku moja, kabla ya kupeleka chochote. Kugundua moja baada ya nyingine ofisini ndiko kunakofanya watu wapande basi kutoka Ludewa mara nyingi bila kulipwa.

Wazazi wa marehemu mara nyingi hawana ugomvi, wanasahauliwa tu. Kama mama mzazi alikuwa akitegemea mshahara huo kwa mbolea na dawa, jina lake liwemo kwenye madai tangu mwanzo, na mkwe asilione hilo kuwa ni kunyang'anywa.

Msimamizi akila fedha za mirathi

Msimamizi si mwenye mali. Mahakama ya Mwanzo inamtaka ndani ya miezi 4 tangu kuteuliwa awasilishe Fomu Na. V, orodha ya mali na madeni, na baadaye Fomu Na. VI, hesabu ya alivyogawa. Wengi hawawasilishi kwa sababu hakuna anayewadai. Mdai. Mrithi yeyote anaweza kwenda masjala na namba ya shauri akaomba kuona jalada. Kama fomu hazipo, andika barua kwa hakimu aitwe ajieleze.

Soma Fomu VI kama unavyosoma risiti ya duka. Ukiona "gharama za ufuatiliaji" zimemeza robo ya fedha za watoto, omba viambatisho. Kutowasilisha hesabu makusudi, kuficha warithi, au kuendesha mirathi kwa kuwadhuru warithi ni sababu za kuomba uteuzi ubatilishwe. Mahakama ikimwondoa na kumpata na fedha za watu, anaweza kuamriwa arudishe, na wizi wa aina hiyo unaweza pia kupelekwa polisi. Chukua hatua mapema, kwa sababu amri ya kurudisha haimsaidii mjane kama msimamizi ameshaimaliza fedha na hana kitu cha kukamata.

Mfuko ukikataa, au ukikosea hesabu

Omba sababu kwa maandishi. Bila karatasi hakuna rufaa. Mjibu meneja wa ofisi ya mkoa kwa barua yenye namba ya uanachama, kosa unaloliona, na nyaraka zinazolithibitisha; kisha makao makuu Dodoma. Usiporidhika, ofisi ya Waziri Mkuu inayoshughulikia kazi na ajira ndiyo inayosimamia sekta ya hifadhi ya jamii, na Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora hupokea malalamiko juu ya taasisi za umma bila ada.

Kesi ni hatua ya mwisho. Ukiamua kuishtaki taasisi ya umma, sheria ya mashauri dhidi ya Serikali inadai notisi ya siku 90, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri hufunguliwa Mahakama Kuu. Watu wengi wa huku wamefungua kesi bila notisi, zikatupwa bila hata kusikilizwa. Hapo tafuta wakili.

Kwa hatua za chini huhitaji kuuza ng'ombe. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inatambua wasaidizi wa kisheria, ambao wapo karibu kila wilaya. Watakusaidia kuandika na kukuelekeza, ingawa hawawezi kusimama mahakamani kwa niaba yako. Ofisi ya ustawi wa jamii ya halmashauri ndiyo ya kwanza kwa jambo la mtoto. Na Mahakama ya Mwanzo huendeshwa kwa Kiswahili, kwa hiyo unaweza kujieleza mwenyewe.

Kwa mtumishi unayesoma hili ukiwa hai

Ingia kwenye programu ya PSSSF Kiganjani uangalie michango yako na wategemezi ulioandikisha. Wengi mliajiriwa mkiwa hamjaoa, mkaandika mama na dada, na hamjarudi tena. Rekebisha kwa mfuko, kwa mwajiri na kwa bima ya afya, na taarifa zote tatu zifanane. Kama mmeishi pamoja miaka mingi bila kusajili ndoa, nendeni ofisi ya Mkuu wa Wilaya mkaisajili mkiwa wote wawili mnatembea. Mtoto wa nje ya ndoa mpatie cheti chenye jina lako sasa. Na mwonyeshe mwenza wako ilipo barua yako ya ajira ya kwanza.